Naomba ushauri: skripti yangu ya filamu ya kisayansi, niipunguze au nivumilie?

Habari zenu wakuu. Nina miaka 29, nipo Mbagala. Mchana nauza kava na chaja za simu, usiku naandika. Nimemaliza skripti ya kurasa 94 (ukurasa mmoja ni kama dakika moja ya filamu). Mwaka 2090, Kariakoo imezama majini, fundi mmoja anaunda roboti kwa vyuma chakavu.

Prodyuza mmoja kaisoma, akasema nzuri, ila "toa roboti, weka mchepuko". Nilicheka, usiku nikakosa usingizi. Suala la bajeti namwelewa, mafuriko ya kutengenezwa kwa kompyuta si bei ya chipsi mayai. Lakini filamu ya kisayansi Pumzi ya Mkenya Wanuri Kahiu, ya 2009, ina dakika kama 20 tu na ilifika tamasha la filamu la Sundance, Marekani, 2010. Kwa hiyo nafikiria kukata hadi kurasa 15: chumba kimoja, roboti moja, maji yanasikika tu nje ya dirisha.

Mliopita njia hii, nianze na hiyo fupi au niendelee kutafuta prodyuza? Na nikaisajili COSOTA (ofisi ya hakimiliki) kwanza? Yule jamaa nilimpa nakala nzima, hatukuandikishana chochote.