Rufaa ya matokeo imelala ofisini miezi sita: tupeane uzoefu

Bint Wete
Assalaam alaykum wanabaraza. Mwezi wa tatu niliomba chuoni karatasi yangu ya mtihani isahihishwe upya. Ada ya rufaa nimelipa, risiti ninayo. Sasa mwezi wa tisa, na kila nikipanda boti Mkoani kwenda Unguja naambiwa "bado ipo kwa mwalimu". Wenzangu wanashona nguo za mahafali, mie sijui kama nina sapu (mtihani wa marudio) au sina. Mama ameshaanza kudhani nimefeli namficha. Aliyewahi kukutwa na haya alifanyaje? Sheria inasaidia?

Mkaazi wa Jang'ombe
Pole ukhti. Mie nilingoja muhula mzima, kila siku nipo dirishani, narudi na maneno matupu. Mwisho nikaandika barua: namba ya usajili, somo, tarehe niliyolipa, na kifungu cha kanuni za mitihani kinachotaja muda wa kujibu. Nakala nikampa mkuu wa skuli, yaani kitivo chetu hapo chuoni, na yangu nikaigongesha muhuri wa kupokelewa. Wiki mbili hazikwisha, jibu likaja. Alama haikuongezeka hata moja, lakini niliwahi kujiandikisha sapu.

Abuu Mkunazini
Kama unasomeshwa kwa mkopo, wape na wanaokukopesha nakala ya barua mapema. Mie sikufanya hivyo, nikaonekana nimeacha masomo.

Msaidizi wa sheria, Chake
Mwanangu, mahakama haisahihishi mitihani. Jaji hatakupa alama, hilo huwaachia walimu. Lakini ofisi yenye wajibu wa kukujibu ikikaa kimya, Mahakama Kuu inaweza kuombwa itoe amri ya kuilazimisha itimize wajibu huo. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Muungano inataja haki ya kusikilizwa na ya kukata rufaa, si kwa uamuzi wa mahakama tu, bali hata wa vyombo vyengine.

Ila jaji atakuuliza kwanza: ngazi za chuo umezimaliza? Idara, skuli, mpaka seneti, yaani baraza kuu la taaluma la chuo. Wengi niliowaona wamekwama hapo, maana walikuwa wakiulizia kwa mdomo na hawana karatasi hata moja ya kuonesha. Na usichelewe, maombi haya yana ukomo wa muda.

Kabla ya mahakama kuna Tume ya Vyuo Vikuu. Elimu ya juu ni jambo la Muungano, kwa hivyo vyuo vya huku navyo vimo chini yake. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora nayo hupokea malalamiko ya ofisi zinazokalia haki za watu. Ukitaka kuandikiwa barua, Kituo cha Huduma za Sheria kina ofisi hapa Chake Chake.

Bint Wete
Ahsanteni sana. Nimekitafuta kitabu cha kanuni, kifungu cha muda kimo, na muda wenyewe umeshapita zamani. Barua naiandika usiku huu. Niipeleke seneti moja kwa moja?

Msaidizi wa sheria, Chake
Skuli kwanza. Ukiiruka, seneti watairudisha huko huko. Na risiti usiwape asili, toa kopi.