Candlestick na Oakland: kwa nini besiboli na futiboli ya Kimarekani zilishindwa kukaa uwanja mmoja?

Mkaazi_Kizingo:
Assalaam aleikum wakuu. Naomba mnaoijua historia ya viwanja vya San Francisco (Candlestick) na Oakland (Coliseum), kule Marekani, mnieleweshe. Miaka mingi besiboli na futiboli ya Kimarekani zilichezwa uwanja mmoja kule, kisha kila timu ikajitafutia kwake. Kilichoshindikana ni nini hasa: pesa, upepo au umbo la uwanja? Nauliza kwa sababu kuna wazo la kufundisha watoto besiboli kwenye uwanja wa mpira wa shule hapa kisiwani, mita 105 kwa 68, na wenye mpira wanaogopea nyasi zao. Pale Mombasa Sports Club kriketi na raga zinakaa pamoja, sasa hili lina ugumu gani?

Jukwaa_la_Mashariki:
Waaleikum salaam ndugu. Yote matatu yamo, lakini umbo ndilo kubwa. Kriketi huchezwa katikati ya uwanja, na raga inatoshea mle mle ndani ya duara lake. Besiboli huanzia konani: mistari miwili inatoka kwa mpigaji kwa pembe mraba, na viti vizuri viko nyuma yake. Futiboli ya Kimarekani ni mstatili wa karibu mita 110 kwa 49, na viti vizuri viko usawa wa mstari wa kati. Ukijenga jukwaa kwa ajili ya mmoja, mtazamaji wa mwingine anakaa mbali au anageuza shingo mchezo mzima.

Mwanzoni kila mchezo ulikuwa na kwake: Kezar (1925) kwa futiboli, Seals Stadium (1931) kwa besiboli. Giants, timu ya besiboli, walipohama New York mwaka 1958 walicheza Seals misimu miwili, wakaingia Candlestick Aprili 1960. Pale ni ufukoni mwa ghuba, chini ya kilima. Mchana bara likipata joto, hewa baridi ya bahari inavutwa kuelekea ndani, inakigonga kilima na kushuka uwanjani. 49ers, timu ya futiboli, walipohamia hapo 1971, majukwaa yalijengwa kuuzunguka uwanja pande zote na upande mmoja ukawekwa viti vya kusogezwa. Ilitarajiwa ukuta ungeukinga upepo. Badala yake upepo uliingia ukawa unazunguka mle ndani, na mpira uliopigwa juu ukawa hautabiriki.

Ndiyo maana uwanja mpya wa Giants, uliofunguliwa 2000, ulipimwa kwanza kwa modeli ndani ya handaki la upepo, yaani chumba cha majaribio kinachopulizwa upepo, kisha ukageuzwa upande kabla ya kujengwa. Kwangu mimi hilo ndilo somo kubwa la eneo lile: pima upepo kwanza, zege baadaye.

Fundi_Nyasi:
Oakland ndiko kunakoonyesha shida ya chini, kwenye udongo wenyewe. Coliseum ilifunguliwa 1966 kwa Raiders wa futiboli, Athletics wa besiboli wakaja 1968. Misimu huingiliana vibaya: futiboli huanza Septemba, besiboli haijaisha. Kwa hiyo kichuguu cha mrushaji, anaposimama anayemrushia mpigaji mpira, kiliondolewa, lakini udongo wa kati ulibaki wazi. Ukingo wake ni tao la futi 95, yaani mita 29, kutoka kwa mrushaji. Hiyo ni sehemu kubwa sana ya kuangukia bila nyasi. Udongo ule una mfinyanzi, hushindiliwa na kumwagiwa maji ili mpira udunde sawasawa. Ukikauka ni mgumu, unachubua magoti na viwiko. Besiboli ikiisha unatandikwa mikeka ya nyasi, ila mizizi haijashika, na mchezaji akikata kona ghafla mkeka unachanika kwenye maungio.

Raiders, waliokuwa wamehama, waliporudi 1995 likaongezwa jukwaa refu mno upande wa nje wa besiboli, mbali mbele ya mpigaji. Athletics hawakuweza kulijaza, wakaishia kulifunika kwa turubai. Na kwa kuwa uwanja umechimbwa chini ya usawa wa bahari, mabomba yalizidiwa: Juni 2013 maji taka yaliingia vyumba vya kubadilishia nguo, Athletics na timu ngeni wakapandishwa kuoga chumba cha Raiders. Raiders waliondoka baada ya msimu wa 2019, Athletics baada ya 2024.

Mkaazi_Kizingo:
Shukran sana. Basi kwa watoto hapa tuupange vipi?

Fundi_Nyasi:
Kwa vipimo vya watoto inaingia, lakini kwa kubana. Kutoka besi (kituo cha kukimbilia) moja hadi nyingine mita 18.3; kutoka kwa mpigaji hadi mrushaji mita 14, hadi mpaka wa nje mita 61. Kama magoli yenu yanatazamana kaskazini na kusini, mpigaji mweke kona ya kusini-magharibi, mita 8 kutoka konani kwa mshazari, na wavu nyuma yake. Upande wa mita 68 utabakiwa na mita moja na ushei tu. Jua la alasiri litakuwa mgongoni kwake. Kaskazi itampiga usoni na kufupisha mipira mirefu. Kusi itaisukuma kutoka kulia kwenda kushoto.

Hatari iko besi ya kwanza, ile ya kulia kwa mpigaji. Mtoto anayeipita mbio anapita mbele ya goli, na mwamba wa karibu uko kama mita 6 kando yake. Goli la kuhamishika liondoeni; lisilohamishika lifungeni magodoro.

Mrushaji ataangukia pembeni mwa eneo la penalti, kwa hiyo msichimbe wala msijaze udongo. Tengenezeni kichuguu cha mbao chenye zulia juu, sentimita 15, kiondolewe kila jioni. Besi ziwe za mpira, za kutupa tu juu ya nyasi.

Jukwaa_la_Mashariki:
Naongezea: mistari msichore kwa chokaa ya kupakia nyumba. Inaunguza ngozi na macho, na watoto huteleza juu yake. Tumieni unga wa mawe ya chokaa usiochomwa, au rangi ya maji.