Jamaa wa droni kapanda Matamba, kala viazi vya mama yangu, halafu KAKATA JIBU LAKE

Mwana wa Matamba:

Wakuu, nimetoka kuitazama video yake sasa hivi na mikono bado inatetemeka. Sitaji jina. Nyote mnamjua, yule wa kofia ya pama na miwani ya jua hata usiku, anayezunguka nchi nzima na droni yake akitutambulisha sisi kwa sisi kama vile tumezaliwa jana. Safari hii kaangukia kwetu Matamba, huku Makete, mkoani Njombe. "Mji uliosahaulika juu ya mawingu," ndivyo alivyoiita Matamba. Umesahauliwa na nani? Mama yangu anaishi pale. Wanunuzi wa viazi wanaompigia simu saa kumi na moja alfajiri wao hawajausahau.

Video ina dakika kumi na moja. Kumi ningezimeza. Ile moja, ya saba kwenda ya nane, ndiyo iliyofanya niache ugali mezani.

Mama kakaa nje kwenye kigoda, anachambua viazi vya mbegu. Jamaa anachuchumaa mbele yake, anatoa simu mfukoni, anaiinua usoni pa mama kama mpima macho, halafu anasema neno mojamoja, kwa sauti ile ya kuita kuku: "Mama... umeshawahi... kuona... kitu... kama hiki?" Picha inabaki kwa mama. Anatabasamu, kimya. Sekunde tatu. Filimbi ya msiba inalia kwa nyuma. Halafu tunaonyeshwa mbuzi.

Mbuzi, wakuu!

Nimempigia mama hapo hapo. Mama, mbona hukumjibu? Akaniambia: "Nilimjibu, mwanangu. Nilimwambia ninayo, iko ndani inachaji, nikamwomba asogee kwenye mwanga nimpige picha nimtumie dada yako." Na kweli picha ipo! Dada anayo tangu siku hiyo. Jamaa kasimama katikati ya ua wetu, kajifunika blanketi la mama, mdomo umejaa kiazi. Kwa hiyo jibu lilitolewa, likarekodiwa, akaenda nalo mjini, akakaa kwenye kiti chake, akalisikiliza, AKALIKATA. Akaacha tabasamu peke yake ili mama aonekane hana la kusema.

Hilo blanketi nalo lina habari yake. Alikuja Julai. Julai, Matamba, na fulana nyembamba kama karatasi ya kufungia maandazi! Asubuhi huko juu umande unaganda unakuwa mweupe kwenye majani, ukimwaga maji unayaokota. Konda aliyempandisha anasema kutoka Chimala, pale mnapoiacha barabara kuu iendayo Zambia, jamaa alikuwa anaongea peke yake mbele ya kamera. Mlima ulipoanza akanyamaza. Ile njia ina kona 57, ndiyo maana tunaiita Hamsini na Saba na hakuna asiyeelewa. Kona ya tisa kashatapika. Ya thelathini anawaaga ndugu zake kwa simu. Simu ileile! Na mtandao ulishika!

Alipofika meno yanagonga kama cherehani. Mama hakumuuliza katoka wapi wala anataka nini. Alimpa blanketi, akamwekea chai ya maziwa, akamchemshia viazi aina ya Kikondo, vile vinavyopasuka ganda vyenyewe sufuriani, na chumvi pembeni. Kala sufuria nzima. Kwenye video hakuna sufuria. Kuna "umasikini wa kimyakimya". Yaani unakula kwa mtu mpaka unalegeza mkanda, halafu unageuka na kuwaambia watu ni masikini wa kimyakimya.

Kesho yake akapanda Kitulo, akasimama katikati ya uwanda akasema, "Kama mnavyoona, hakuna kitu, nyasi tu." Jamani! Wenyeji tunapaita Bustani ya Mungu. Ilipotangazwa Hifadhi ya Taifa mwaka 2005 ilikuwa ya kwanza katika Afrika ya tropiki kuanzishwa hasa kwa ajili ya mimea. Okidi peke yake ni zaidi ya aina 40. Wazee pale wanakumbuka mizizi ya okidi ilivyokuwa inachimbwa na kwenda Zambia kutengenezwa chikanda, mpaka ikaogopwa kwamba itaisha. Lakini maua yanafuata mvua, ndugu. Njoo Desemba, njoo Februari, utakosa pa kukanyaga. Yeye kaja kiangazi, kakuta nyasi, akazilaumu nyasi.

Chini kidogo kachuma ua shambani kwa mtu, kamchomekea mtoto sikioni, eti "maua ya porini". Ile ni PARETO. Mtu kalima, kapalilia, anachuma kichwa kimojakimoja na baridi ile, anakausha, yanakwenda kiwandani Mafinga na kuishia kwenye dawa ya kuua wadudu. Huyo mtoto alivalishwa ada yake ya shule sikioni.

Na kama kweli alitaka habari ya Matamba, alikuwa ameikalia. Alikaa juu ya gunia! Angemuuliza mama kwa nini lile gunia lina kilemba, yaani lumbesa. Sheria ya Vipimo, Sura 340, inasema mazao ya shambani yasizidi kilo 100 kwa gunia. Mnunuzi anakuja na gunia lake, linajazwa, linaunganishwa gunia jingine juu, linashonwa kwa kamba kama kitanda, na bei inabaki ya gunia moja. Mama analiongelea hilo kila msimu. Ana daftari, ana tarehe, ana picha za magunia, na zote ziko kwenye SIMU. Alikuwa na mtu wa kamera mbele yake, siku nzima, anakula viazi vyake. Akamuuliza kama ameshawahi kuona simu.

Nimeirudia mara sita. Kila nikifika pale kwenye tabasamu najua kabisa anasema "ninayo", midomo inaanza kufunguka, halafu mbuzi.

Kaa Pembeni:
Nimeweka kambi hapa. Naomba kigoda na mimi.

Chipsi Kavu:
Mkuu umeandika kurasa nne kwa sababu ya sekunde tatu.

Mwana wa Matamba:
Sekunde tatu za mama yangu. Wewe wako akikatwa ulimi mbele ya nchi nzima utaandika ngapi?

Chipsi Kavu:
Mimi mama yangu hakatiki. Angempokonya hiyo simu.

Mbinga Kahawa:
Huyo huyo! Kwetu alikuja mwaka jana. Mzee kazaliwa kwenye kahawa, ana miaka zaidi ya sabini, anainuka na kahawa analala na kahawa. Jamaa kamletea kikombe cha kahawa ya unga ya kopo, akamwambia, "Mzee, onja, uone kahawa inavyokuwa ikishatengenezwa." Mzee kaonja kwa heshima. Kwenye video wameandika "Aonja kahawa kwa mara ya kwanza." Ukoo mzima ulikaa kikao.

Pwani ya Nyasa:
Afadhali nyie. Mbamba Bay kamuuliza mvuvi kama anaogopa maji.

Kaa Pembeni:
Hapo nimecheka mpaka jirani kagonga ukuta.

Mtu wa Ushahidi:
Chai. Tena haina sukari. Bila hiyo picha ya blanketi siamini hata neno moja.

Mwana wa Matamba:
Picha haiwekwi hapa. Mama kakataa. Kasema mgeni aliyekula kwake haanikwi. Huyo ndiye mtu mnayemwona kakaa kimya pale kwenye video.

Mtu wa Ushahidi:
Basi hapo nimenyamaza. Shikamoo yake.

Mpunga Mweupe:
Mimi niko Chimala, na tangu asubuhi nasoma Matamba, Matamba. Kila anayepanda huko anapitia kwetu, anakula kwetu, anajisaidia kwetu, na video ikitoka Chimala ni "pale mnapoiacha barabara kuu". Hata wewe mleta uzi umefanya hivyo hivyo! Bonde zima la Usangu linalisha nchi mpunga, sisi tunabaki kuwa kituo cha kutapikia.

Mwana wa Matamba:
Ndugu yangu, hukosei, nisamehe. Lakini naongelea jibu la mama.

Mpunga Mweupe:
Na mimi naongelea mpunga. Bei tunayopewa wakati wa mavuno, na bei ya mchele ule ule Februari, ni kama mazao ya nchi mbili. Uzi wake uko wapi?

Dalali wa Sokoni:
Mimi niko Dar, viazi vya huko nashusha mwenyewe. Hiyo lumbesa mnayoililia tunaikuta imeshashonwa. Halafu semeni ukweli: mnapanga vikubwa juu na vikubwa chini, katikati ya gunia mnaweka gololi. Nimeshawahi kupasua gunia nikakuta na udongo wa kupandia.

Gunia Moja:
Gololi zinaingia kwa sababu mnataka kilemba! Tukijaza kilemba kwa viazi vikubwa tupu tutabaki na shamba tu. Njooni na mizani, tupime kilo, tulipane kwa kilo, muone kama mtakuta gololi.

Dalali wa Sokoni:
Mizani nije nayo kwenye kona 57?

Gunia Moja:
Gari la tani kumi linapita, mizani itashindwaje?

Mtani wa Mbeya:
Nyie Wakinga wa Makete, nusu ya maduka ya Kariakoo ni yenu na bado mnalia. Rudini basi mkanunue viazi vyenu wenyewe.

Gunia Moja:
Mwenye duka Kariakoo ni shangazi, hatujui. Anakuja Krismasi anaondoka na gunia mbili za bure. Zenye kilemba.

Kaa Pembeni:
Uzi umechanua kuliko Kitulo ya Februari.

Msafiri wa Isyonje:
Mnaongelea kona tu. Njooni upande wa Isyonje, ile njia nyingine ya kupandia Makete, wakati wa masika. Mwaka juzi tumelala porini usiku kucha, Fuso limekwama na viazi juu, mvua inanyesha, abiria tunachemsha mzigo wa mtu ili tusife njaa. Mwenye mzigo naye kala.

Dalali wa Sokoni:
Kumbe ndiyo maana siku ile nilipokea pungufu!

Msafiri wa Isyonje:
Tulikula kilemba tu, mkuu. Gunia la halali hatukuligusa.

Binti wa Bulongwa:
Mimi nimemfikiria huyu mama. Ile video nimeiona, na kweli midomo inaanza kufunguka. Kuna kivuli cha mtu mlangoni nyuma yake, kameza kicheko. Huyo kasikia jibu. Inaniuma. Halafu wakamweka mbuzi. Misitu ya Livingstone imo kwenye hifadhi hiyo hiyo, kuna kipunji, kima ambaye wanasayansi walimtangaza mwaka 2005 na hapatikani nchi nyingine yoyote, yeye kachagua mbuzi.

Mwana wa Matamba:
Asante dada. Hicho kivuli ni mdogo wangu. Anasema mama alilijibu mara mbili. La kwanza walisema sauti haikuingia vizuri, wakamwomba arudie. KARUDIA. Karudia kwa adabu, kwa sauti ya juu zaidi. Yote mawili yakakatwa.

Chipsi Kavu:
Hapo sasa hata mimi nimekasirika.

Mpunga Mweupe:
Sawa, nimekasirika pia. Ila mchele bado.

Mtani wa Mbeya:
Mleta uzi, hiyo simu ya mama inakaa na chaji? Yangu inazima kila saa nane mchana.

Shamba Jipya:
Samahanini kwa kuingilia. Nimepata ekari mbili Uporoto, natafuta mbegu ya Kikondo iliyochaguliwa vizuri, niliyonunua mwaka jana ilinyauka yote. Huyo mama bado anachambua?

Mwana wa Matamba:
Anachambua. Hajawahi kuuza mbegu ya mnyauko. Njoo inboksi nikupe namba yake. Mpigie kwa video kabisa, atakuonyesha gunia kwa gunia mpaka uridhike.

Shamba Jipya:
Nakuja. Gunia ni la kilo ngapi?

Mwana wa Matamba:
Mia.

Msafiri wa Isyonje:
Na mimi niwekeeni mbili, ila zipitie Chimala.

Mpunga Mweupe:
Mnaona sasa? Zipitie Chimala.