Waliokaa eda au kukaa na mwenye eda, tupeane uzoefu

Mpwa wa Moro: Habari za humu. Mama mdogo kafiwa na mumewe, yuko eda (kile kipindi mjane wa Kiislamu anachokaa baada ya kufiwa na mumewe) nyumbani kwake na mimi ndiye ninayelala naye. Kila anayekuja kumpa pole anaacha sharti jipya: asijitazame kwenye kioo, asiongee na simu, asipokee hela mkononi kwa mwanamume. Ninachojua mimi, eda ya miezi 4 na siku 10 imo kwenye Qur'ani, Suratul Baqara, aya ya 234. Hapambwi, hajitii manukato, haolewi, halali kwingine bila dharura. Haya mengine yametoka wapi? Mliopitia, semeni.

Vitumbua Moto: Mimi nilifiwa nikiwa na watoto wadogo na biashara yangu ni ya barazani, chai na vitumbua. Mawifi wakasema nisikanyage nje. Nikamuuliza shehe wa mtaani kwetu Tanga, naye akaniuliza swali moja tu: "Una wa kukulisha?" Nikasema sina. "Basi toka mchana utafute riziki, usiku ukukute kwako." Nikavaa kanga kuukuu, bila wanja wala mafuta ya kunukia, nikainjika karai. Nilisemwa weee! Na hao waliosema, hakuna aliyeniletea hata kibaba cha mchele.

Nesi wa Zamu: Yangu iliisha siku niliyojifungua, hata arobaini ya marehemu haijafika. Mwenye mimba eda yake ni mpaka azae, ndivyo ilivyo Suratut Talaq aya ya 4. Ukweni hawakuamini mpaka aya iliposomwa pale sebuleni. Hata hivyo mama mkwe aliniomba niendelee kuvaa nyeupe mpaka ile miezi itimie, nikavaa. Sheria ilikuwa hainidai kitu, ila yule mama kazika mwanawe.

Babu Kasema: Sisi tuligombania hesabu 😂 Kaka kahesabu kwa kalenda ya ukutani, babu kwa mwezi mwandamo, zikapishana siku kadhaa. Pilau la kumtoa eda limeshapangwa, ndugu wa Lindi wameshakata tiketi. Babu hakubishika, ikabidi tiketi zibadilishwe.

Dada Mkubwa: Kioo funueni, huko ni kuzidisha. Ila mila msizitupe zote. Kupokezana kulala na mfiwa hakumo kwenye aya yoyote, na kwetu ndiko kulikomvusha mama. Mchana nyumba imejaa watu. Saa nane za usiku anaamka anapapasa upande wa pili wa kitanda. Shangazi alikuwa anawasha taa, anampa maji, wanaongea mpaka adhana ya alfajiri.

Mpwa wa Moro: Ahsanteni. Kioo nimekifunua, simu amerudishiwa maana mwanawe yuko Muscat na kuzikwa kwa baba hakuwahi. Limebaki moja: mama mdogo ni mwalimu, likizo ya msiba imekwisha na shule zinafunguliwa Jumatatu. Walimu mlifanyaje, na mkuu wa shule mlimwambia nini?