Mnaosambaza faili za "mpira bure" kwenye magrupu, mmemliza mama yangu

Wakuu, leo nina hasira, na nitasema yote.

Bi mkubwa anauza samaki pale Deep Sea, Tanga. Jumamosi mdogo wangu alikuta faili kwenye grupu la WhatsApp la mtaa, akaliweka kwenye simu ya mama waangalie mechi ya Coastal Union. Mpira ukaonekana, safi kabisa. Jumatatu alfajiri mama anataka kulipia mzigo, anakuta laki tatu na arobaini hazipo. Namba ya siri hajampa mtu yeyote, na meseji ya muamala haipo, imefutwa.

Nimekesha na ile simu. Faili linaitwa Mpira_Live_HD.mp4.apk. Angalieni mkia wa jina! Video huishia na mp4 au mkv, unaifungua unaangalia, basi. Ikiishia na apk hiyo ni programu ya Android, hata mbele yake wakiandika mp4 mara kumi. Ndiyo maana simu iliuliza kuhusu kusakinisha programu zisizojulikana, na dogo akakubali.

Kilichoniumiza zaidi ni ruhusa. Ilisoma meseji, halafu ikawashiwa Ufikivu (Accessibility kwenye mipangilio ya simu). Ufikivu umewekwa kwa ajili ya watu kama wasioona, programu iwasomee kilichopo kwenye kioo na kuwabonyezea. Mwizi akiupata anaona unachoandika na anabonyeza mwenyewe, wewe umelala. Programu ya kuonyesha mpira inataka meseji za muuza samaki za nini?

Na msiniambie "mbona ina nembo yenyewe". Nembo inanakiliwa na mtoto wa shule. Kisichoigika kirahisi ni saini ya kidijitali ya mtengenezaji, iliyo ndani ya faili: ukiwa na programu halali, Android inakataa feki yenye saini nyingine isikae juu yake. Ukiambiwa "futa kwanza ile ya zamani ndiyo hii iingie", kimbia.

Sisemi kila apk ni mbaya, zipo kampuni zinaiweka kwenye tovuti yao. Ichukue huko huko, ipandishe kwanza VirusTotal, tovuti ya kukagua faili kama lina virusi, ni bure.

Nimempigia admini wa grupu mara tatu alifute. Mpaka naandika hapa faili bado lipo. Jibu lake: "Mbona wengine linawaonyesha mpira vizuri tu?"