Matembezi ya mguu ya majengo ya miaka ya 1950, Lubumbashi: njia, saa na vituo

Mwendo_Katuba

Jambo yenu wote. Kuna kundi la watu 20, nusu wanafunzi wa usanifu majengo, nusu wageni tu, wanaotaka kutembezwa katikati ya mji Jumamosi moja ya mwezi wa saba. Mada ni majengo ya kimodernisti: mapaa bapa, vikinga-jua vya beto (zege), kuta za matofali ya matundu. Orodha iko tayari, ina majengo 17, na muda uliopangwa ni saa mbili, kuanzia saa mbili asubuhi. Naomba wanaojua kazi hii wanisahihishe: vituo ni vingi mno? Kanisa kuu na sinagogi viingie? Na picha je, watu wapige tu?

Kivuli_cha_Mchana

Yaya, 17 ni orodha ya kuandika, si ya kutembea. Piga hesabu. Kundi linalosimama na kuangalia juu haliendi zaidi ya kilomita 3 kwa saa, kwa hiyo kilomita mbili na nusu zinakula dakika 50. Kituo kimoja chenye maana kinataka dakika 10: mbili za kukusanyika, tano za maelezo, tatu za maswali na picha. Weka na dakika 20 za kuvuka barabara na kusubiri waliobaki nyuma. Vituo 17 vinakupeleka saa nne kamili, na baada ya saa mbili na nusu watu hawasikii tena, wanatafuta kiti. Vituo 8 vinatosha. Mengine tisa yaonyeshe kwa kidole huku mkitembea.

Watu 20 pia wagawe. Sauti ya mtu mmoja barabarani, pikipiki zikipita, inafika kwa watu 12 hivi. Makundi mawili ya 10, la pili lianze dakika 20 baada ya la kwanza, na kila kundi liwe na mtu wa mkiani asiyeruhusu yeyote kubaki nyuma yake.

Saa ndiyo kosa kubwa. Vitabu vingi vya usanifu vimeandikwa Ulaya, na kule jua liko kusini. Sisi tuko nyuzi 11 na dakika 40 hivi kusini mwa ikweta. Mwezi wa saba jua linachomoza kaskazini ya mashariki, mchana kutwa linabaki kaskazini, linazama kaskazini ya magharibi. Ukuta unaotazama kusini hauguswi na jua hata dakika moja mwezi huo. Ukiupanga kama kituo kikuu utaonyesha ukuta wa kijivu, na utashindwa kueleza kikinga-jua kinafanya kazi gani, kwa sababu hapo hakina kazi.

Kwa hiyo panga vituo kwa jua, si kwa tarehe za ujenzi wala majina ya wasanifu. Fasadi (nyuso za nje za majengo) za mashariki ziwe za kwanza. Kisha zinazotazama kaskazini. Za magharibi ziache kwa matembezi ya alasiri siku nyingine. Kabla ya siku yenyewe pita njia yote na dira ya simu, andika kila jengo linatazama wapi. Kazi ya asubuhi moja tu.

Na usianze saa mbili. Mwezi wa saba asubuhi kuna baridi, watu watakuwa wamejikunja. Kundi la kwanza lianze saa tatu na robo, la pili saa tatu na dakika 35. Yote mawili yamalizie mbele ya fasadi moja ya kaskazini yenye vibao vya mlalo, saa sita na robo. Kwa nini robo? Saa zetu zinafuata longitudo ya nyuzi 30 za mashariki, na mji uko karibu na 27 na nusu: hapo jua linachelewa dakika 10, na mwezi wa saba linachelewa nyingine kama 6, kwa hiyo linafika kilele chake kama robo saa baada ya saa sita. Katikati ya mwezi wa saba linakuwa na kimo cha nyuzi 57 hivi. Kibao cha beto kilichotokeza mita 1 kinatupa ukutani kivuli cha mita 1 na nusu kwenda chini, yaani urefu wa dirisha la kawaida. Beba mita ya fundi, mpe mgeni mmoja apime kivuli, mwingine akadirie kibao. Wakiona namba zinakubaliana, hutahitaji kueleza tena kwamba vile vibao si mapambo.

Plani_ya_Zamani

Naunga mkono, naongeza kuhusu tarehe, maana waongozaji wengi wanachanganya kila kitu kilichojengwa na Wabelgiji kuwa "modernisti".

Kanisa kuu la Mtakatifu Petro na Paulo ni la matofali, la mwanzoni mwa miaka ya 1920. Si modernisti hata kidogo. Sinagogi ya msanifu Raymond Cloquet, 1930, ni kizazi kingine tena, karibu na ar-deko, mtindo wa mapambo wa miaka ya 1920 na 1930. Usiyafanye vituo vya dakika 10. Chukua moja tu, dakika tatu, ili macho yapate cha kulinganisha: ukuta mzito wenye vishimo vya madirisha upande mmoja, na jengo la nguzo ambalo ukuta wake haubebi kitu upande wa pili. Wageni wataelewa hapo hapo.

Jengo la kubeba mada yote ni lile lililokuwa jumba la tamthilia, sasa Jengo la 30 Juni, lenye bunge la mkoa. Lilichorwa na Claude Strebelle na ofisi yake, likaisha 1956, na halikufikiriwa peke yake: jumba la tamthilia, shule ya muziki na makumbusho vilipangwa kama mtaa mmoja wa utamaduni. Waongozaji wengi wanalionyesha jengo la tamthilia halafu wanaondoka. Afadhali usimame mahali ambapo makumbusho nayo inaonekana, ueleze vipande vyote pamoja.

Sababu ya majengo mengi kutoka miaka ileile ieleze kwa sentensi mbili: bei nzuri ya shaba baada ya vita ya pili, na mpango wa miaka kumi wa serikali ya kikoloni, 1949 hadi 1959. Fedha zikaja, na wasanifu vijana wakaja pamoja nazo. Na mji wakati huo ni Elisabethville, jina lililobaki hadi 1966. Ukisema "Lubumbashi ya 1956", mwanafunzi mmoja atakukatiza, na atakuwa na haki.

Kwa wanafunzi, linganisha na wizara ya elimu ya Rio de Janeiro, iliyochorwa kuanzia 1936 na wasanifu Wabrazili Lúcio Costa, Oscar Niemeyer na wenzao, msanifu Le Corbusier wa Paris akiwa mshauri. Kule nako jua liko kaskazini, na fasadi ya kaskazini ndiyo iliyopewa vibao vya mlalo vinavyogeuzwa, ya kusini ikaachiwa vioo. Mfano huo unatufaa kuliko wowote wa Paris.

Avenyi_Kamalondo

Samahani wakubwa, lakini njia hiyo yote iko ndani ya mji wa Wazungu wa zamani. Mtatembea saa tatu mkisifia vibao, na hamtasema mji ulikatwa vipi?

Kati ya mji wa Wazungu na mtaa wa Waafrika, ambao leo ni komini ya Kamalondo, uliachwa ukanda mtupu wa mita 700 hivi. Sababu iliyotolewa ilikuwa afya: eti mbu wa malaria hawezi kuruka umbali huo kutoka kwa mtu mweusi hadi kwa mzungu. Ukanda huo leo umejazwa majengo na barabara, lakini umbali unaweza kuutembea kwa dakika 10 hadi 12. Uvukeni kimya, halafu mwongozaji aseme mmetembea nini. Kituo hicho hakina jengo la kuonyesha hata moja, na kinafaa kuliko matatu yenye majengo.

Modernizimu haikuishia kwenye fasadi nzuri pia. Ofisi ya nyumba za Waafrika, iliyoanzishwa 1952, ilijenga mitaa mizima kwa plani za mfululizo, na Ruashi ni mojawapo. Katuba ilikuja kwa njia nyingine, watu wakipewa mkopo na kujijengea. Ukiweka lupango (kiwanja na nyumba yake) la Ruashi karibu na la Katuba, unaona mawazo mawili tofauti kuhusu nyumba ya mfanyakazi.

Kivuli_cha_Mchana

Ukanda mtupu, ndiyo, uingie. Toa kituo kimoja cha katikati ya mji, uweke huo. Ruashi hapana, ni mbali mno kwa mguu. Ifanywe matembezi ya pili yenye gari la kupeleka, la sivyo utaharibu yote mawili.

Fundi_Malata

Hakuna aliyetaja uharibifu, na ndiyo kitu cha kwanza watu watauliza: "Mbona limechoka hivi?" Mwongozaji akijibu "uzembe" atakuwa ameeleza nusu tu.

Beto mpya ina ualikali mkali (kinyume cha uasidi), 12 na zaidi kwenye kipimo cha pH, na ualikali huo ndio unaolinda nondo zilizo ndani. Hewa ukaa inaingia polepole miaka na miaka, ualikali unashuka chini ya 9, ulinzi unakwisha. Maji yakifika hapo, nondo inapata kutu, na kutu inachukua nafasi kubwa mara kadhaa kuliko chuma iliyotoka nayo. Inasukuma beto kutoka ndani mpaka kipande kinaruka. Vikinga-jua ndivyo vinavyoumia kwanza: ni vyembamba, nondo iko sentimita moja na nusu au mbili tu kutoka nje, na vinalowa pande zote mbili. Onyesha mstari wa kahawia ulionyooka chini ya kibao. Nondo iko nyuma yake hasa. Na usimsimamishe mtu chini ya kibao chenye mstari huo. Kundi likae mita tatu au nne kutoka ukutani.

Paa bapa lina shida yake. Mvua zetu zinajikusanya kati ya mwezi wa kumi na moja na wa tatu, zinanyesha kwa nguvu. Mfereji ukizibwa na majani, maji yanasimama juu ya lami, lami inapasuka kwenye kona inapopanda ukutani, chumba cha juu kinavuja. Dawa ya rahisi ni kuweka malata (mabati) yenye mteremko juu ya paa la zamani. Inasaidia kweli, lakini jengo linavaa kofia ambayo mwandishi wa plani hakuichora. Waambie watu watafute mstari wa zamani wa paa chini ya malata.

Kinachoniuma zaidi ni matofali ya matundu kuzibwa kwa saruji au kwa kioo. Yale matundu yaliwekwa ili upepo uingie upande mmoja na kutoka upande wa pili. Ukiyaziba, chumba kinapata joto, mashine ya kupoza hewa inanunuliwa, halafu inatobolewa katikati ya kikinga-jua, maji yake yanadondoka kwenye beto, na hapo tunarudi kwenye nondo.

Ndani ya jengo, angalia ngazi na sakafu za granito (saruji yenye vipande vya mawe, iliyosuguliwa). Zinadumu kuliko kitu chochote kile, na mara nyingi hazijaguswa.

Mama_Barua

Picha, mwanangu: usiwaache wapige tu. Jengo la 30 Juni ni la bunge, lina walinzi. Majengo ya serikali, askari, polisi na stesheni hayapigwi picha bila ruhusa. Andika barua kwa ofisi ya meya na nyingine kwa utalii wiki mbili au tatu kabla: tarehe, saa, njia, idadi ya watu, jina la mwenye kuongoza. Usiache barua mlangoni tu. Rudi na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Siku yenyewe kila mwongozaji awe na nakala yake, na kila mtu awe na kitambulisho. Askari akiwasimamisha, anaongea mtu mmoja tu, wengine wanashusha simu.

Tena, msipige nyumba ya mtu mkielekeza simu dirishani. Piga pembe, ngazi, kibao.

Choo kipangwe kituo cha nne au cha tano, kwenye hoteli au mkahawa uliokubaliana nao kabla. Maji nusu lita kwa kila mtu. Mwezi wa saba hewa ni kavu na vumbi linakausha koo.

Mwendo_Katuba

Asante Mama, asanteni wakubwa. Nimeshusha hadi vituo 8: sinagogi dakika tatu, ukanda mtupu ndani, fasadi ya kaskazini mwisho. Limebaki moja: mwenye jengo akikataa tuingie ndani, na kituo kilitegemea ngazi?

Plani_ya_Zamani

Usiweke kituo kinachotegemea mlango wa mtu, ndugu. Kila kituo kiwe na kitu cha kuonyesha kutoka barabarani, na ya ndani yawe nyongeza. Chapisha plani ya ghorofa moja au picha ya zamani kwa ukubwa wa A3, itie kwenye plastiki. A4 mtu wa nyuma haoni. Na wakati wa kuionyesha lipe mgongo jengo, jua likupige usoni wewe, si wao.

Kivuli_cha_Mchana

Na kama Jumamosi hiyo wingu likifunika, kipimo cha kivuli kimekufa. Beba kijiti na tochi: simamisha kijitabu wima kama ukuta, kijiti kitokeze kwa pembe mraba, tochi ishuke kwa nyuzi 57. Urefu wa kivuli utatoka uleule, mara moja na nusu ya kijiti. Kueleza fasadi inayotazama magharibi, inamisha tochi mpaka iwe karibu mlalo, wataona kijiti hakizuii kitu tena; ndiyo maana upande ule vibao vinasimamishwa wima.