Mrejesho: adobo ya kitimoto imekubali

Wakuu, nimerudi. Niliuliza hapa kwa nini adobo yangu, ile nyama ya nguruwe ya siki ya Wafilipino, ilikuwa chachu ya kukunja uso. Mliosema kosa ni kukoroga kwa mwiko mapema mlilenga: nilikuwa nakoroga mara tu baada ya kumimina siki.

Jumapili nikachukua kilo 1 ya nyama ya tumbo, ile yenye mafuta. Kitunguu saumu kichwa kizima, pilipili manga nzima, majani 3 ya bay, sosi ya soya nusu kikombe, siki nusu kikombe, maji kikombe 1. Nikaacha ichemke wazi dakika 10 bila kuigusa (mkono uliniwasha, nakiri), kisha moto mdogo saa nzima. Mwisho nikaitoa nyama, nikaikaanga kwa mafuta yake yenyewe, nikaurudishia mchuzi mpaka ukawa mzito, unang'aa.

Chumvi sikutia hata punje, soya inatosha. Kiporo cha Jumatatu kilikuwa kitamu zaidi, na wali ndiyo usiseme.

Aliyenishauri ile nyeupe isiyo na soya, adobong puti: siki ya nazi bado naitafuta.